Sura ya Nne: Mtu Mmoja, Nyuso 165

Kuna mtu aliyezaliwa Nairobi ambaye karibu kila mpenzi wa filamu ameshamwona, na ni wachache mno wanaolijua jina lake. Amecheza katika Star Wars, katika Star Trek, katika Doctor Who na katika Flash Gordon. Lau angeshuka matatu leo hapa Tudor, akatembea kwa miguu mpaka lango la Chuo Kikuu cha Ufundi cha Mombasa, huenda watoto wangemkodolea macho kwa kimo chake, ambacho ni sentimita 132, lakini sidhani kama kuna ambaye angekimbia kumwomba picha. Jina lake la usanii ni Deep Roy. Wazazi wake walikuwa Makalasinga, na jina lake jingine ni Gurdeep.

Mtaani kwetu filamu ina watu wa aina mbili: stelingi na adui. Stelingi hafi, na adui hafi mpaka dakika ya mwisho. Waliobaki ni wapita njia: bawabu wa hoteli, karani mwenye miwani, kibarua anayekula risasi kabla hata bisi hazijapoa. Waingereza wamewapa hawa wapita njia heshima ambayo wengine hatujawapa. Kwao kuna watu waliozeeka wakiigiza makasisi, wahudumu wa baa na askari wa vijijini, wasipewe hata siku moja kumbusu bibi wa filamu, na walipokufa magazeti makubwa yakawaandikia habari ndefu kuliko za mawaziri. Ni kazi yenye ufundi wake. Stelingi anaweza kuwa yeye yule katika filamu kumi, na watu wakampenda kwa hilo. Wa pembeni lazima awe mtu mpya kila mara, tena kwa dakika tatu tu.

Pwani yetu iliujua ufundi huu mapema, ila kwa upande wa kupigwa picha. Mwaka 1954 kampuni ya Ealing ya London ilitoa West of Zanzibar, filamu iliyoongozwa na Harry Watt, kisa cha magendo ya pembe za ndovu zinazopakiwa majahazini. Stelingi ni Anthony Steel, bwana wanyamapori mwenye kifua na nywele zilizochanwa vizuri. Sasa watazame wengine. Mwafrika mkubwa wa hadithi amechezwa na Edric Connor, mwimbaji kutoka Trinidad. Mwengine ni Orlando Martins, mzaliwa wa Lagos. Na yule mjanja wa biashara haramu, aliyebandikwa jina la Dhofar ili tusikosee alikotoka, ni Martin Benson, mzaliwa wa London. Benson huyu aliishi kwa kuigiza watu wa mataifa ya wenzake: waziri wa Kithai katika The King and I, jambazi wa Kimarekani katika Goldfinger, padri wa Kitaliano katika The Omen. Alikuwa hodari, sina ubishi. Lakini bahari nzima ya Hindi ilikuwa imejaa watu wenye sura ya Kiarabu, na sura hiyo ikatafutwa kwa vipodozi. Kuna mwenyeji aliyepata sehemu ya kuonekana, na katika orodha ya majina ameandikwa kwa neno moja tu: Juma. Juma nani, wa wapi, mtoto wa nani, hakuna aliyejali kuandika.

(Mtoto mdogo wa Kizungu katika filamu hiyo, William Simons wa Swansea, alikuja kuwa mwigizaji wa pembeni hasa. Kuanzia mwaka 1992 hadi 2010 alimwigiza askari mvivu aitwaye Alf Ventress katika tamthilia ya Heartbeat, na Waingereza wakamfanya kama jirani yao. Alifariki mwaka 2019. Kazi yake ya utotoni ilikuwa kukimbiakimbia mbele ya kamera katika jua la Afrika Mashariki.)

Basi hiyo ndiyo kanuni ambayo Deep Roy aliikuta: sura za watu wa rangi nyingine zilikuwa vazi la kuvaliwa na Waingereza. Watu wenyewe walihitajika pale tu ambapo vazi halitoshi.

Wahindi wa Kenya waliingia Uingereza kwa msukosuko. Hesabu ya watu ya mwaka 1962 iliwakuta Kenya wakikaribia 177,000. Ile ya 1969 iliwakuta 139,000 hivi. Katikati hapo kuna sheria za Kenya za mwaka 1967 kuhusu uhamiaji na leseni za biashara, na kuna sheria ya Uingereza ya mwaka 1968, iliyopitishwa kwa siku tatu, iliyowafungia mlango wale wale waliokuwa na pasipoti ya Kiingereza mkononi. Mombasa iliwaona wakipanda meli kama ilivyowaona babu zao wakishuka kuja kujenga reli kuanzia mwaka 1896. Waliofika London walijipangia maisha ya uangalifu: duka, duka la dawa, hesabu. Gurdeep naye aliwekwa kwenye uhasibu. Alipofika miaka 18 aliutupa, akajiunga na shule ya uchekeshaji ya Slim Wood, akaanza kusimama vilabuni kuwachekesha watu usiku. Mzazi yeyote wa Kihindi wa wakati ule, na wa Kiswahili pia, anaweza kufikiri mwenyewe jinsi habari hizo zilivyopokewa sebuleni.

Televisheni ilimchukua upesi. Mwaka 1976 alitokea katika The New Avengers, na mwaka huo huo katika The Pink Panther Strikes Again akiwa mmoja wa wauaji waliotumwa kummaliza Inspekta Clouseau. Mwaka uliofuata BBC ilimpa kazi ambayo, kwangu mimi, inaeleza maisha yake yote ya usanii kuliko nyingine yoyote.

Kisa chenyewe kinaitwa The Talons of Weng-Chiang, sehemu sita za Doctor Who zilizoonyeshwa kati ya Februari na Aprili 1977. Tuko London ya Malkia Victoria, katika jumba la michezo. Mchina mmoja mfanya mazingaombwe, Li H'sen Chang, anapanda jukwaani na mwanasesere wake wa mbao, Mr Sin. Anamketisha gotini, wanajibizana, watu wanacheka. Kisha taa zinazimwa, na yule mwanasesere anashuka kitini mwenyewe, anatembea, na ana kisu mkononi. Ndani ya mwanasesere yumo Deep Roy. Uso umefunikwa wote kwa kinyago kisichocheka wala kununa. Alichobakiwa nacho ni shingo, mabega na miguu. Itazame ile namna ya kugeuza kichwa: taratibu, kisha kinakwama, kisha kinamalizia, kama mlango wenye bawaba mbovu. Watoto wa Uingereza wa mwaka ule walikua na hofu ya Mr Sin kama sisi tulivyokua na hofu ya majini ya mbuyuni.

Na yule Mchina? Alikuwa John Bennett, Mwingereza aliyepakwa rangi na kuvutwa macho kwa gundi. Mzungu amepewa uso wa Asia ili auonyeshe. Mtu wa asili ya Asia amefichwa ndani ya kinyago. Vyote viwili katika kiti kimoja, mmoja amempakata mwenzake.

Miaka iliyofuata alikuwa ndani ya kitu kila mara. Katika Flash Gordon, mwaka 1980, yeye ni Fellini, kiumbe anayefugwa na Binti Aura na kuvutwa kwa mnyororo. Mwaka huo huo katika The Empire Strikes Back kuna picha za mbali ambapo Yoda anaonekana akitembea: mwanasesere wa Yoda hakuwa na miguu ya kutembelea, ikaazimwa ya Deep Roy. Katika Return of the Jedi ya mwaka 1983 amejaa ndani ya Droopy McCool, mnene mlegevu anayepuliza zumari katika bendi ya Jabba. Katika Return to Oz ya mwaka 1985 ni yule mtu wa bati. Moja tu katika hizo za miaka ya themanini ilimwonyesha uso sawasawa: The NeverEnding Story ya Wolfgang Petersen, mwaka 1984, alipopanda konokono wa mbio akiwa amevaa kofia ndefu, mpole, mwenye adabu, mwenye haraka. Waliokuwa vijana Mombasa zama za maduka ya kanda za video wanamkumbuka konokono. Aliyempanda wamemsahau.

Hapa inabidi nirudi nyuma hadi bandarini.

Mwaka 1938 meli iitwayo Mantola ilitia nanga Mombasa, na ndani yake alikuwemo kijana mrefu wa miaka 22, mwajiriwa wa kampuni ya mafuta ya Shell, akielekea Dar es Salaam. Jina lake Roald Dahl. Alikaa Tanganyika mpaka vita vilipozuka mwaka 1939, akajifunza Kiswahili, kisha akaenda Nairobi kujiunga na jeshi la anga. Baadaye akawa mwandishi wa watoto anayesomwa dunia nzima, na mwaka 1964 akatoa Charlie and the Chocolate Factory, hadithi ya tajiri Willy Wonka na kiwanda chake cha chokoleti. Vibarua wa kiwanda hicho wanaitwa Oompa-Loompa. Wengi hawajui kwamba katika chapa ya kwanza Oompa-Loompa walikuwa Mbilikimo weusi wa msitu wa Afrika. Wonka anawakuta huko wakiwa na njaa, anawapakia ndani ya makasha yenye matundu ya kupumulia, anawasafirisha ng'ambo, na mshahara wao ni kokwa za kakao.

Sijui nimweleze vipi msomaji wa pwani hii jambo lenye watu weusi, makasha, meli na kazi isiyo na mshahara. Halihitaji maelezo. Cha kustaajabisha ni kwamba lilipita miaka kadhaa likisomewa watoto kabla ya kulala. Filamu ya kwanza ilipokuwa ikitengenezwa, chama cha NAACP cha Weusi wa Marekani kilipinga, na katika filamu hiyo ya mwaka 1971 Oompa-Loompa wakapakwa rangi ya chungwa na kuvishwa nywele za kijani. Mwaka 1973 Dahl mwenyewe aliandika upya zile kurasa, wakawa weupe wenye mashavu mekundu, kutoka nchi isiyokuwepo.

Mwaka 2004 mwongozaji Tim Burton, alipoanza kuitengeneza upya filamu ile, alikuwa na njia tatu. Angeweza kuwatafuta waigizaji wafupi wengi, kama ilivyofanywa mwaka 1971. Angeweza kuwachora wote kwa kompyuta. Akachagua ya tatu: mtu mmoja. Alikwishamtumia Deep Roy katika Planet of the Apes mwaka 2001 na Big Fish mwaka 2003, akamjua ni mchapakazi. Akamwambia awe wote.

Wote maana yake 165.

Watu hudhani kompyuta ilinakili picha moja mara mia. Kompyuta ilisaidia, na wanasesere wa mitambo walikuwepo, lakini sehemu kubwa ilichezwa na mwili. Ikiwa Oompa-Loompa ishirini wanacheza ngoma, Deep Roy anasimama nafasi ya kwanza, anacheza mpaka mwisho. Anahamia nafasi ya pili, anacheza tena, macho akiyaelekeza pale ambapo "mwenzake" atakuwa. Kisha ya tatu, na kuendelea, na kila mmoja awe na kitabia chake kidogo, huyu anawahi nusu pigo, yule anajitutumua. Baadaye picha zinaunganishwa na kupunguzwa mpaka kila mmoja awe na kimo cha sentimita 75 hivi. Alifundishwa kucheza ngoma kwa miezi, yeye ambaye hakuwa mchezaji. Ukitazama kwa makini utamwona akipiga ngoma na gita, akiendesha mashua, akiwa katibu wa kike ofisini, na akiwa daktari wa akili amekaa na daftari huku Johnny Depp, ambaye ndiye Wonka, amelala kwenye kochi akimweleza shida zake. Hilo la daktari ndilo nilipendalo. Hasemi neno. Anatikisa kichwa tu, kwa uvumilivu wa mtu aliyesikia mengi.

Sauti za nyimbo si zake, zote aliimba Danny Elfman, mtunzi wa muziki. Lakini Deep Roy aliacha alama yake hata humo. Wimbo wa kwanza, ule wa mtoto mlafi anayetumbukia katika mto wa chokoleti, ulipigwa kwa mtindo wa filamu za Bombay, na wazo hilo lilitoka kwake. Mtu aliyekulia Mombasa ya sinema za Regal na Naaz atautambua mara moja: safu za wachezaji, mikono inayokatwa pamoja, ngoma inayosukuma kifua.

Niliwahi kumwonyesha kijana mmoja wa chuo hapa Tudor sehemu hiyo kwenye simu. Alikuwa ameitazama filamu nzima zamani, ameijazia flashi katika duka la muvi.

"Hawa wote ni mtu mmoja, ami?"

"Mmoja tu. Mzaliwa wa Nairobi."

"Wanitania."

Akairudisha nyuma, akaitazama tena kimya, kisha akauliza swali ambalo wahakiki wengi hawakuuliza: alilipwa kwa mmoja au kwa 165?

Filamu ile ilitoka Julai 2005, na ndani yake kuna jambo jingine ambalo sijaona likisemwa sana. Mwanzoni Wonka anajenga kasri la chokoleti kwa ajili ya mwanamfalme wa Kihindi, Pondicherry, kasri linayeyuka kwa jua na chokoleti inamdondokea mwanamfalme usoni. Mwanamfalme huyo ni Nitin Ganatra. Naye alizaliwa Nairobi, mwaka 1967, akapelekwa Coventry akiwa mtoto mdogo. Wazaliwa wawili wa mji mmoja wa Kenya katika filamu moja kubwa ya Hollywood, na sisi magazeti yetu yalikuwa yakiandika habari za Johnny Depp.

Njia ya Ganatra ilikuwa tofauti. Mwaka 2007 aliingia katika EastEnders ya BBC kama Masood Ahmed, tarishi wa posta, mume wa Zainab, baba wa wana wanaomtoa jasho. Hakuna kinyago, hakuna mnyororo. Ni mwanamume wa kawaida wa Kiislamu, na mamilioni walimkaribisha sebuleni wiki baada ya wiki kwa miaka mingi. Kulvinder Ghir, mzaliwa mwengine wa Nairobi, aliyekulia Leeds, alikuwa katika Goodness Gracious Me, kipindi cha vichekesho ambamo Wahindi wa Uingereza waliwageuzia Waingereza kioo. Na mwaka 2019 Gurinder Chadha, mwongozaji aliyezaliwa Nairobi pia, alimpa nafasi ya baba katika Blinded by the Light. Ghir katika filamu hiyo ana tukio moja la kufukuzwa kazi kiwandani ambalo linatosha kumfundisha mtu uigizaji: karibu hafanyi kitu.

Je, Ganatra na Ghir walifika mbali kuliko Deep Roy? Wapo wanaosema hivyo, kwa kuwa wao walionekana. Siafikiani nao kabisa. Ni kweli alipewa mambo ya kuudhi. Katika kipande cha The X-Files cha mwaka 2001 alifanywa ombaomba wa Kihindi asiye na miguu anayeingia ndani ya matumbo ya watu, upuuzi wa kutisha Wazungu kwa Uhindi. Lakini kazi ya kinyago ni kazi kongwe. Wachezaji wa Kimakonde wa mapiko hufunikwa uso na kijiji kizima kinawajua kwa mguu. Kumfanya mtu aogope au acheke bila uso, bila sauti na bila hata jina kwenye bango ni mtihani ambao mastelingi wengi wangeufeli asubuhi ya kwanza.

Mwaka 2009 J. J. Abrams alimweka katika Star Trek kama Keenser, msaidizi wa mhandisi Scotty, na Deep Roy akairudia nafasi hiyo katika filamu za mwaka 2013 na 2016. Keenser ana kichwa kama kome la baharini na macho madogo meusi. Husema kidogo mno. Kazi yake ni kupanda juu ya vitu asivyotakiwa kuvipanda na kumwangalia Scotty anapopayuka. Simon Pegg, anayemwigiza Scotty, ana maneno chungu nzima. Kicheko kinakuja kwa yule aliyekaa kimya juu ya mtambo.

Kisha mwaka 2023 ilitoka Wonka, filamu mpya kuhusu ujana wa tajiri yule wa chokoleti. Oompa-Loompa wa humo ni Hugh Grant, stelingi wa Kiingereza mwenye kimo cha kawaida, aliyepunguzwa kwa kompyuta na kupakwa rangi ya chungwa. Mwigizaji mfupi wa Uingereza, George Coppen, alitoka hadharani kulalamika kwamba nafasi chache walizonazo watu wa kimo chake sasa zinachukuliwa na warefu. Filamu iliingiza zaidi ya dola milioni 600, na malalamiko yakaishia hapo.

Tangu Martin Benson avikwe Udhofari mwaka 1954 hadi Hugh Grant avikwe ufupi, ni miaka 69, na desturi ni ile ile. Grant anachekesha katika filamu ile, nami nilicheka. Hata hivyo nafasi ile ilikuwa na wenyewe, na kama mtengenezaji alitaka mtu anayeijua kazi, alikuwepo mmoja aliyekwisha kuifanya mara 165.